Orodha ya Visivyotafutwa

Mubi, 20 Juni 2021

Dada mpenzi Natacha,

Rukundo, yule mwendesha pikipiki anayeleta jibini za Mama katika duka la mjomba, amekubali kuirudisha barua hii ndani ya kikapu kitupu. Antena ya kwenu imezimwa, simu yangu imebaki saa tu ya mfukoni. Basi turudi kwenye karatasi.

Volkano ilipomwaga moto mwezi wa tano na Goma ikaamriwa kuhamwa, nilivuka ziwa hadi Bukavu, nikafuata barabara ya Hombo hadi huku msituni. Chuo kimefungwa. Mjomba amenipa kitanda nyuma ya duka, na shule moja ya sekondari imenipa saa chache za fizikia. Katika kabati la shule hiyo nimekuta darubini yenye jicho moja zima, na kitabu cha Kifaransa kuhusu anga.

Nisikilize, kwa maana sijaandika kwa ajili ya salamu tu. Kitabu kinasimulia habari za Charles Messier, mchunguzi wa anga wa Paris aliyefariki zaidi ya miaka mia mbili iliyopita. Mtu huyu aliandika orodha ya vitu zaidi ya mia moja: mafungu ya nyota, mawingu ya mwanga yaitwayo nebula, na galaksi ambazo yeye mwenyewe hakujua kuwa ni galaksi. Kila kimoja alikipa namba. Kilimia, kile kifungu cha nyota ndogo zilizosongamana, ni M45. Anga lote, Natacha, ambalo wafalme walilala chini yake bila kulijua, liliwekewa hesabu na mtu mmoja mwenye kalamu na subira.

Sasa angalia milima yetu. Ng'ombe wa Masisi wanaporwa kila msimu. Nani amewahi kuhukumiwa? Hakuna. Hakimu anauliza: walikuwa wangapi? Na sisi tunamjibu kwa majina na rangi. Kisichoandikwa hunyang'anywa bila ushahidi, na asiye na ushahidi hugeuzwa mwongo juu ya kidonda chake mwenyewe.

Mimi na wenzangu wa chuo, pamoja na Olga wa kitivo cha sheria, tunaandaa memorandumu kwa serikali. Kila familia ya wafugaji itangaze idadi ya ng'ombe wake. Ninataka yetu iwe ya kwanza. Mwulize Papa idadi kamili, uniletee.

Mdogo wako asiyenyamaza,
Mucyo


Burungu, 1 Julai 2021

Kaka Mucyo,

Tunashukuru Mungu kwamba u mzima. Mama anasema ule vizuri na usimchoshe mjomba kwa hotuba.

Barua yako niliisoma kwa sauti jioni, baada ya kukamua. Nilipofika penye idadi, Papa aliacha chai yake ikapoa. Kisha akasema, "Huyu mutoto tulimutuma kusoma, ao tulimutuma atulogeshe?"

Mama akacheka. Papa hakucheka.

"Umuandikie hivi," akasema. "Ngombe hawahesabuke. Ngombe wanajulikana. Jioni nasimama ku mulango ya zizi, na kama mumoja hayuko, nasikia mu mwili mbele ya kuanza kumutafuta. Hiyo njo hesabu yangu."

Nikamwambia, "Papa, ni kwa ajili ya serikali."

"Serikali iko na ngombe?"

"Hapana."

"Basi inataka yangu ya nini?"

Wewe unamjua. Umekulia nyumba ileile. Hata Mama, mtu akimwuliza amezaa watoto wangapi, hujibu kwamba Mungu alimpa, na maneno yanaishia hapo. Usijifanye mgeni wa desturi hii eti kwa sababu umepanda mashua hadi Bukavu.

Mimi si mshabiki wa kila jambo la wazee. Nafundisha watoto wa darasa la nne kujumlisha na kutoa, na sijaona aliyekufa kwa hesabu. Lakini barua yako imeniachia swali. Huyo Messier wako, je, alikuwa anayatafuta mawingu hayo? Ama aliyakuta akitafuta kitu kingine? Mtu haandiki orodha ndefu namna ile bila njaa ya kitu fulani. Hukuniambia alikuwa na njaa ya nini.

Dada yako,
Natacha


Mubi, 11 Julai 2021

Dada mpenzi,

Swali lako limenichoma kwa sababu ni zuri, na jibu lake ni la kuchekesha.

Messier hakuyatafuta. Alikuwa mwindaji wa nyota zenye mkia. Kila alipolenga darubini yake akaona ukungu mdogo wa mwanga, moyo ulimruka akidhani amepata nyota yenye mkia. Usiku wa pili ukungu haujasogea, naye amepoteza kazi bure. Basi akaanza kuyaandika yale mawingu ili yasimdanganye tena, yeye na wawindaji wenzake. Orodha ile ni orodha ya visivyotafutwa. Maana yake: ukifika hapa, pita, hapa hapana kitu.

Kabla yake padre mmoja wa Kifaransa, Lacaille, alikuja hadi Rasi ya Tumaini Jema, katika bara letu hili, akaandika vitu arobaini na viwili vya anga la kusini, akarudi kwao. Wengine husema Messier aliongeza Kilimia na jirani zake, vitu ambavyo kila mchungaji alivijua, ili tu orodha yake ya kwanza imshinde padre. Hata wakubwa hushindana kwa urefu wa karatasi.

Lakini tazama haki ya historia. Nyota zake zenye mkia, leo nani anazikumbuka? Yale aliyoyadharau ndiyo yanayobeba jina lake. Nasi je? Kwa wakubwa wa Kinshasa sisi ni ukungu: wanapita juu yetu wakitafuta kinachong'aa, dhahabu, bati, kura. Ninakataa, Natacha. Ninakataa kuwa ukungu kwa sababu tu baba yangu anaogopa tarakimu. Heshima kwa wazee isiwe pazia la wezi.

Kwa kuwa Papa hataki, nimehesabu mwenyewe kwa kumbukumbu, kwa mtindo wa Messier, nikitumia herufi ya kwanza ya jina la Papa, Rukara. R1 ni Gaju. R2 ni Bihogo. R3 ni Sine. Nimeendelea hivyo mmoja mmoja, kama nilivyowajua kabla ya kwenda chuoni, hadi R(tarakimu imefutwa kwa wino mweusi). Ng'ombe wa Papa, kwa jumla, ni (imefutwa). Mwonyeshe tu, athibitishe. Siku moja atanishukuru.

Kwa upendo na kwa ukaidi,
Mucyo


Burungu, 24 Julai 2021

Kaka Mucyo,

Barua yako ilifika ikiwa imefunguliwa. Waliokaa kwenye kizuizi cha barabarani waliisoma, na imewapendeza sana. Wamemwalika Papa akae kwao mpaka waonyeshwe kila uliyemwandika.

Nafikiri hawakuielewa. Wewe ulikuwa unaandika habari za nyota, kama unavyowafundisha wanafunzi wako, na majina ya ng'ombe ulitumia kwa mapenzi tu. Tafadhali andika tena, ueleze vizuri kila R ni kitu gani cha anga, ili wenyeji wa Papa waridhike.

Mama anakusalimu.

Natacha


(Karatasi ya siku hiyohiyo, iliyofichwa katikati ya jibini mbili)

Mucyo,

Ile ya kwanza nimeiandika ili isomwe njiani. Hii usimwonyeshe mtu.

Wale wenye bunduki wa kizuizini walikuja siku nne zilizopita, asubuhi, tukiwa bado tunakamua. Mkuu wao alikuwa ameshika barua yako. Akahesabu ng'ombe waliokuwa zizini, akahesabu tena, akamwuliza Papa, "Muzee, wengine wako wapi?"

Papa akasema, "Mi sihesabu."

"Mutoto yako anahesabu vizuri. Karatasi ni hii."

"Basi muulizeni yeye."

Walidhani anawadharau. Wamemchukua. Hawajampiga, Mama humpelekea chakula na humwona. Lakini wamesema mwezi mzima ukipita bila idadi kutimia, watampeleka ndani ya msitu, na unajua waliopelekwa huko hatujawaona tena.

Sasa sikia ambalo hukulijua, kwa sababu lilifanyika ulipokuwa chuoni. Papa alikwisha kuwatawanya ng'ombe wengi. Amewaweka kwa wakulima ng'ambo ya bonde, kama zamani watu walivyowekeana ng'ombe: mkulima anakunywa maziwa, anatia mbolea shamba lake la maharagwe, na siku moja anapata ndama wake. Papa Byukusenge na Mama Epiphanie wanao baadhi. Hakuna anayejua wote walipo isipokuwa yeye. Ndiyo maana alikataa. Wewe ukadhani anaogopa tarakimu.

Mama Epiphanie alikuja jana chini ya mvua. Akasema, "Tuwalete tu. Ngombe atazaliwa mungine, Rukara hatazaliwa mungine." Nilimkatalia. Tukiwaleta, watajua kwamba ng'ombe wamefichwa kwa wakulima, na wataingia katika kila shamba la bonde lile.

Kwa hiyo andika. Andika kwamba hakuna ng'ombe. Andika uongo mzuri wenye elimu ndani yake, nami nitaubeba kwa mikono yangu hadi kizuizini. Na idadi ile isionekane tena popote, wala katika memorandumu yako. Kwenye barua yako nimeifuta, waliponirudishia. Katika vichwa vyao siwezi kuifuta. Wewe unaweza.

N.


Mubi, 30 Julai 2021

(Imefichwa chini ya bitana ya kikapu)

Natacha,

Nimesoma karatasi yako nikiwa nimesimama katikati ya duka, mjomba akadhani nimepatwa na malaria.

Olga na wenzangu wamekasirika. Walikuwa wamejenga waraka mzima juu ya idadi ya familia yetu. Mmoja wao ameniambia, "Camarade, leo unafuta ng'ombe, kesho utawafuta wafu." Nimeutoa ukurasa wetu na kuuchoma kwenye jiko la mjomba. Maisha yangu yote nimesimama mbele ya watu nikisema kwamba anayeficha ukweli ni mshirika wa mwizi. Sasa naandika uongo kwa mwandiko wangu bora kabisa.

Mwambie Papa. Hapana, usimwambie kitu. Msomee tu.

M.


Mubi, 30 Julai 2021

Dada mpenzi Natacha,

Nasikitika kwamba barua yangu imewachanganya watu wazima wenye kazi nyingi. Ng'ombe niliowaandika hawali majani. Ni vitu vya anga, vile ambavyo Messier na Lacaille waliviorodhesha, nami nimevipa majina ya kwetu ili wanafunzi wasivisahau. Naeleza kimoja kimoja.

R1, Gaju, ni lile wingu lililo karibu na nyota tatu zilizojipanga mstari, linaloonekana mashariki saa ya kukamua asubuhi. Kwa Messier ni M42. Ndani yake nyota zinazaliwa hadi leo. Nimelipa jina la ng'ombe ambaye hapitishi msimu bila kuzaa, na ambaye humlamba ndama kabla hajasimama.

R2, Bihogo, ni M31, kundi la nyota zisizo na idadi, lililo mbali hata mwanga wake umesafiri zaidi ya miaka milioni mbili kabla ya kunifikia. Ndiye yule anayelala pembeni, mbali na wenzake. Ukimwita leo, anageuza shingo kesho. Lakini hugeuza.

R3, Sine, ni Kilimia. Kwa macho unaona madoa machache. Ukitumia darubini, unachoka kabla hujayamaliza.

R4 ni fungu lililo kando ya mkia wa nge, M7. Hula karibu na miiba wala haimchomi, kama aliyepatana nayo.

R5 ni lile fungu zito la kusini aliloliandika Lacaille. Nimelipa jina la ng'ombe mwenye mimba ambaye kundi zima humngojea penye daraja, na hakuna anayemsukuma.

R6 ni M1. Huyu sijamwona; darubini yangu ya jicho moja haimfikii. Ni mabaki ya nyota iliyolipuka, na Wachina waliiona ikiwaka hadi mchana, karibu miaka elfu moja iliyopita. Mpaka leo mabaki yake yanazidi kutanuka. Nimempa jina la yule aliyeanguka njiani mwaka tulipokimbia, ambaye Papa alimfunika kwa majani badala ya kumchuna, nasi tukapitwa na watu wote kwa sababu ya kumngojea Papa amalize.

Nageuza ukurasa niwaendee waliobaki.

(Ukurasa wa pili na wa tatu unaendelea vivyo hivyo hadi wa mwisho.)

Hao ndio wote. Wako juu ya Burungu na juu ya Mubi, juu ya kila kizuizi cha barabara. Anayetaka kuwachukua alete ngazi.

Mdogo wako,
Mucyo


Burungu, 12 Agosti 2021

Kaka yangu Mucyo,

Barua hii haipiti njia ile. Drocella, mwalimu mwenzangu, anashuka nayo Goma. Itavuka ziwa hadi Bukavu, na kutoka huko itakuja kwa lori la Hombo. Kwa hiyo nasema wazi: Papa yuko nyumbani. Amekonda, anakohoa, na ameanza kugombana na Mama kuhusu chumvi. Ni yeye.

Nilikwenda kizuizini mwenyewe, Mama akiwa nyuma yangu na jibini kichwani. Mkuu wao ni kijana wa umri wako. Alikaa kwenye benchi la shule, sijui la shule gani. Nikamwambia, "Chef, kaka yangu amejibu. Ni mambo ya nyota."

"Soma."

Nikasoma. Walinzi wake walisogea, kwanza kwa kucheka, kisha kwa kusikiliza. Nilipofika kwa Bihogo, mmoja akauliza, "Ngombe za mbinguni?"

"Njo hizo."

"Na maziwa yao iko wapi?"

"Ile njia nyeupe unaona juu usiku. Wafaransa wanaiita voie lactée, njia ya maziwa. Wanakamua huko na wanamwaga ovyo."

Wakacheka sana. Mimi nikamaliza, nikakunja karatasi. Mkuu akanyosha mkono. "Leta." Akasoma mwenyewe, taratibu, kidole kikifuata mstari. Kisha akaniangalia. "Uliruka mustari mumoja, Mwalimu."

Ni ule wa ngazi, kichaa wewe. Nilikuwa nimeuruka kwa makusudi. Akausoma kwa sauti mbele ya watu wake. Hakuna aliyecheka mpaka yeye alipocheka.

Halafu akawafukuza wote warudi barabarani, tukabaki sisi na yeye. Akasema kwa sauti ya chini, "Huyu wa sita, wa kufunika na majani. Huyu si nyota."

Mama aliteremsha jibini kichwani, akaziweka mbele ya mkuu.

"Kaka yako anaongopa kama muntu alisoma," akasema. "Umuambie akuwe anaandika kidogo kidogo." Akachukua jibini zote, akaingia ndani, akatoka na Papa. Mpaka sasa sijui kama alituamini au alichoka, au alikuwa na baba. Ng'ombe hakuchukua. Rukundo anasema tusimsifu, kesho wanaweza kuja wengine, na mimi namkubalia.

Kuhusu memorandumu yenu, nina neno moja na sitarudia. Iandikeni. Wizi hauhitaji idadi ili uwe wizi. Mkiona hakimu ambaye hawezi kuhukumu bila kujua walikuwa wangapi, mwambieni Olga amwulize alihitaji wangapi ili akasirike.

Jana jioni Papa aliniomba nimsomee barua yako, ile ndefu. Mama Epiphanie na mume wake walikuwapo, walileta viazi. Papa alifumba macho nikadhani analala. Kwa Gaju aliitikia kwa kichwa. Kwa yule wa daraja alisema, "Eeh, njo yeye." Kwa yule wa majani aligeuza uso ukutani. Kisha akanipungia mkono niendelee. Nikasoma ukurasa wa pili na wa tatu, hadi wa mwisho.

"Huyu mutoto anawajua," akasema. Wewe hukuwapo kuisikia sauti yake, kwa hiyo nakuambia: haikuwa sauti ya mtu anayesamehe. Ilikuwa sauti ya mtu anayesifu mchungaji.

Alipokuwa anatoka kwenda kufunga zizi, akasimama mlangoni.

"Kuna mumoja hakumuandika. Alizaliwa ngambo ya bonde, Mucyo akiwa ku chuo."

Mama Epiphanie akainamisha uso kwenye viazi vyake. Nikachukua kalamu. "Yupi, Papa? Nimuambie Mucyo amuongeze."

"Muache," akasema. "Ule hakuna mwenye kumutafuta."

Dada yako,
Natacha